Sura Ndani ya Buli

Mzee mmoja tajiri anaishi na mtumishi wa kike aliyemtunza kwa muda mrefu. Mbele ya bwana wake mtumishi huyo ni mnyenyekevu kupita kiasi. Akishampa kisogo, anavipiga teke viatu vya mzee vilivyowekwa nje ya mlango wa chumba na kununa kila kengele inapolia. Amekwisha kumshawishi amwandikie yeye mali yote na kumnyima mjukuu wake, ambaye kosa lake ni moja tu: amekuwa mwigizaji. Mzee hajui kwamba anatiliwa sumu kidogo kidogo. Kijana anapokuja kumjulia hali babu yake, anafukuzwa. Anageuka, anatutazama sisi watazamaji na kutuahidi kwamba jambo hili haliishii hapo. Baadaye anarudi akiwa amejibadilisha sura, mara hii ni mwonyesha sinema anayezunguka na mashine yake nyumba hadi nyumba. Anamvika mtumishi kilemba cha ukoka mpaka anakaribishwa ndani. Taa zinazimwa, na filamu fupi inayoanza kuonyeshwa sebuleni ni kisa cha mnafiki Tartuffe.

Hivyo ndivyo Friedrich Wilhelm Murnau, Mjerumani aliyekwisha kuitisha dunia kwa Nosferatu mwaka 1922, alivyochagua kumuenzi Molière, mtunzi wa tamthilia wa Ufaransa. Filamu yake, Herr Tartüff, ilitengenezwa na kampuni ya UFA mwaka 1925 na kuzinduliwa Januari 1926 katika ukumbi wa Gloria-Palast mjini Berlin. Yote kwa jumla haizidi sana saa moja, na ndani yake imebeba hiyo filamu nyingine, ile ambayo mjukuu anaionyesha. Carl Mayer aliyeiandika alikata tamthilia ya Molière bila huruma: watoto wa nyumba hawapo, mchumba hayupo, shemeji mwenye busara hayupo. Wamebaki mume, Orgon, pamoja na mke, mjakazi na mgeni. Mpiga picha Karl Freund naye alizipa sehemu mbili nuru mbili tofauti. Nyumba ya mzee imepigwa kwa mwanga mkali, waigizaji hawajapakwa kitu usoni, kila kunyanzi la ngozi linaonekana. Nyumba ya Orgon, ile ya hadithi, imefunikwa ulaini kama ndoto.

Watu wa sinema wameisifu kwa ufundi huo, na wana haki. Lakini ndani ya kazi hii fupi kuna swali la dini ambalo lilimsumbua Molière miaka mitano mizima na ambalo halijapata jibu la kuridhisha: ikiwa mnafiki anafanya yale yale anayoyafanya mcha Mungu, nani kati ya binadamu ana jicho la kuwatofautisha?

Tamthilia yenyewe ilizaliwa katika anasa. Tarehe 12 Mei 1664, katika sherehe za siku kadhaa ambazo Louis XIV aliziandaa Versailles, kundi la Molière lilicheza sehemu tatu za mchezo mpya. Orgon, mtu mwenye nafasi yake Paris, amekutana kanisani na maskini mmoja, Tartuffe, aliyekuwa akisali kwa kupiga kite, akibusu sakafu, akikimbilia mlangoni kumpa maji ya baraka. Akipewa sadaka anarudisha nusu, kwamba ni nyingi mno. Ikikataliwa, anaigawa kwa maskini wengine mbele ya macho ya aliyempa. Orgon amemleta nyumbani. Sasa anataka kumwoza binti yake na kumkabidhi mali, na wakati huo huo mgeni anamtongoza mke wa mwenyeji wake.

Mfalme alicheka, kisha akaupiga marufuku usionyeshwe hadharani. Padri Pierre Roullé wa parokia ya Saint-Barthélemy aliandika kijitabu akimwita Molière shetani aliyevaa mwili wa binadamu, anayestahili kuchomwa moto. Molière aliurekebisha mchezo, akabadili jina la mhusika kuwa Panulphe, akamvua mavazi yanayokaribiana na ya watu wa Kanisa, akaupandisha jukwaani tarehe 5 Agosti 1667 wakati mfalme yuko vitani Flandria. Kesho yake Guillaume de Lamoignon, rais wa kwanza wa Bunge la Paris, ambalo siku zile lilikuwa mahakama kuu, aliufunga. Tarehe 11 mwezi huo huo Askofu Mkuu Hardouin de Péréfixe akatangaza kwamba yeyote atakayeutazama, kuusoma au hata kuusikiliza ukisomwa nyumbani kwa watu atatengwa na Kanisa. Ruhusa kamili ilikuja tarehe 5 Februari 1669, na siku hiyo watu walisongamana kiasi kwamba daftari la mwigizaji La Grange linaonyesha mapato ya livre 2,860, fedha nyingi mno kwa ukumbi ule.

Ni rahisi leo kuwaweka Péréfixe na Lamoignon katika kapu moja na Tartuffe, tukasema kila aliyeupinga mchezo alijiona ndani yake. Molière mwenyewe alipenda tufikiri hivyo. Katika dibaji ya 1669 anasimulia kwamba mfalme alishangaa kwa nini wanaokasirishwa na Tartuffe hawakukasirishwa na kichekesho kingine kilichoikejeli dini waziwazi, na mkuu mmoja wa ukoo wa kifalme akamjibu kuwa kile kiliicheka mbingu, ambayo mabwana hawa hawaijali, na hiki kinawacheka wao. Jibu tamu, lakini halitoshi.

Maana hoja ya wapinzani ilikuwa nzito kuliko hasira zao. Mchoraji wa mnafiki hana rangi za kumchorea isipokuwa zile zile za mchamungu. Tartuffe anapoingia jukwaani, na Molière kamchelewesha mpaka sehemu ya tatu, neno lake la kwanza ni kumwagiza mtumishi wake aliweke vizuri vazi lake la kujitesa na mjeledi wake, na akiulizwa aseme kwamba bwana amekwenda kuwagawia wafungwa sadaka. Ukumbi unacheka. Sasa katika ukumbi ule ule huenda ameketi mtu ambaye kweli anavaa vazi la namna hiyo chini ya shati lake na kweli anawatembelea wafungwa bila mtu kujua. Kicheko kile kinamfikia na yeye. Kuanzia kesho, akionekana akipiga magoti kanisani, jirani atamsukuma mwenzake kwa kiwiko. Molière aliwafundisha Wafaransa kuishuku kila ishara ya ibada, na hakuwapa kipimo kingine mahali pake. Alimweka Cléante, shemeji wa Orgon, aeleze kirefu tofauti ya dini ya kweli na ya maigizo, lakini hotuba hiyo ni ndefu, na hakuna mtu nyumbani anayeisikiliza. Inanuka woga wa mwandishi anayejua kwamba polisi wako mlangoni.

Kuhusu polisi wenyewe pia mambo si mepesi. Nyuma ya mashambulizi ya 1664 ilikuwepo Compagnie du Saint-Sacrement, jumuiya ya siri ya makabaila na mapadri, ambayo mwezi Aprili, kabla hata mchezo haujachezwa Versailles, wanachama wake walikuwa wakizungumza namna ya kuuzuia. Watu hawa walichungulia maisha ya familia za wenzao, wakaripotiana nani anakula nyama siku ya kufunga, nani ana hawara. Na watu hawa hawa walilisha wenye njaa wakati wa vita vya ndani, wakalipa madeni ya wafungwa, wakajenga hospitali. Vincent de Paul, mtakatifu wa maskini, alikuwa mmoja wao. Lamoignon pia. Ukiuliza kama jumuiya ile ilikuwa ya wacha Mungu au ya wanafiki, jibu litategemea umesimama upande gani wa dirisha: nje ukipewa mkate, au ndani ukichunguliwa.

Msomaji aliyekulia madrasa hahitaji kuelezwa uzito wa jambo hili. Sura ya Al-Maun inawalaani wanaosali ili waonekane huku wakiwanyima watu msaada mdogo, na hadithi mashuhuri ya alama tatu za mnafiki inataja uongo, kuvunja ahadi na kukhini amana. Zote ni matendo, mambo ya kuonekana kwa macho. Lakini pia kuna kisa cha Usama bin Zaid, aliyemuua adui vitani baada ya mtu yule kutamka shahada, akijitetea kwamba aliitamka kwa kuogopa upanga. Mtume alimuuliza kama alimpasua moyo akaona. Aliyekulia Shule ya Jumapili ana mgongano kama huo ndani ya sura moja ya Mathayo, ya 7: mwanzoni watu wanakatazwa kuhukumu, na mistari michache mbele wanaambiwa watawatambua manabii wa uongo kwa matunda yao. Dini zote mbili zinamtaka muumini awe macho na wakati huo huo zinamfungia mlango wa moyo wa mwenzake. Ufunguo uko kwa Mungu peke yake.

Molière alilijua tatizo hili kuliko wapinzani wake walivyodhani, na ushahidi uko katika sehemu ya tatu. Damis, mwana wa Orgon, amejificha chumbani na kusikia kwa masikio yake Tartuffe akimtongoza mama yake wa kambo. Anatoka, anamwambia baba. Mtu mwingine angekana. Tartuffe anakiri. Anasema ni kweli, mimi ni mwovu, mwenye hatia, aliyejaa uchafu. Aminini mnayoambiwa, nifukuzeni kama mhalifu. Kila neno ni ukweli mtupu, na kila neno linapokewa kama unyenyekevu wa mtakatifu. Orgon anamgeukia mwanawe kwa ghadhabu, anamfukuza nyumbani na kumnyima urithi. Hapa hata toba, ishara ya mwisho ambayo mtu angedhani haiwezi kuigizwa, imegeuzwa kinyago, tena kinyago kilichochongwa kwa ukweli. Baada ya onyesho hilo hakuna ishara iliyobaki salama.

Na hapo ndipo mtazamaji makini anapoanza kumwacha Tartuffe na kumtazama Orgon. Tapeli ni tapeli. Anataka chakula, kitanda na mke wa mtu, na jioni moja anakula kware wawili na nusu ya paja la kondoo bila kujificha. Orgon anataka nini? Anarudi safarini, mjakazi Dorine anamweleza kwamba mkewe alikuwa na homa kali, naye anauliza habari za Tartuffe. Anaambiwa mke hakula, anauliza habari za Tartuffe. Tartuffe amelala fofofo, amenenepa, amekunywa mvinyo, na Orgon anamsikitikia kama yatima. Kisha anamwambia shemeji yake kwa fahari kwamba, kwa mafunzo ya mtu huyu, sasa angeweza kuwaona ndugu, watoto, mama na mke wakifa na asijali hata chembe.

Watazamaji wa 1669 walizijua Injili. Katika Luka 14 Yesu anasema asiyewachukia baba na mama, mke na watoto, hawezi kuwa mwanafunzi wake. Maneno ya Orgon yanakaribia mno pale. Ni kichekesho, lakini kinauliza swali ambalo kila mhubiri amewahi kulizunguka kwa uangalifu: mtu akiacha dunia kwa ajili ya Mungu, nani atamhakikishia kwamba hajaiacha ili asilazimike kumpenda mtu yeyote? Orgon si mnafiki. Anaamini kweli kweli. Na imani yake ya kweli inaleta madhara yale yale ambayo unafiki wa mgeni wake unayapanga. Molière hakujipa nafasi ya Tartuffe, alimpa Du Croisy. Yeye mwenyewe alicheza Orgon, na mkewe Armande akacheza Elmire, mke wa Orgon.

Basi nani ataokoa nyumba hii? Elmire anamficha mumewe chini ya meza na kumwita Tartuffe, ili Orgon asikie kwa masikio yake. Anasikia, anaamini, lakini amechelewa: hati ya mali imekwisha kusainiwa, na Tartuffe ana kijisanduku cha nyaraka za siri kinachoweza kumfikisha Orgon gerezani. Ukweli umejulikana na haufai kitu. Dakika za mwisho anaingia ofisa wa mfalme, na badala ya kumkamata Orgon anamkamata Tartuffe. Anaeleza kwamba tunaishi chini ya mtawala anayechukia hila, ambaye macho yake yanapenya mioyo na ambaye hakuna tapeli anayeweza kumdanganya.

Wasomi wengi wamelichukulia hitimisho hili kama ubani aliofukiziwa Louis XIV kwa kutoa ruhusa. Ubani upo, na mwingi. Lakini soma tena sifa aliyopewa mfalme: kuona ndani ya mioyo. Katika Biblia na katika Kurani hiyo ni sifa ya Mungu, na Molière, aliyeshutumiwa kwa kuikosea dini kwa sababu ya mjeledi na vazi la kujitesa, aliihamishia kwa binadamu mwenye taji, na hakuna askofu aliyepiga kelele. Labda walifumba macho kwa sababu binadamu huyo alikuwa na jeshi. Au labda ndiyo maana halisi ya mwisho ule: bila muujiza, kwa vipimo vya kawaida vya watu wa kawaida, Tartuffe anashinda.

Murnau alitengeneza filamu yake miaka saba baada ya Kaiser kukimbilia Uholanzi. Ujerumani haikuwa na mfalme wa kutuma ofisa. Mayer akaifuta sehemu ya tano nzima, ikaondoka na jicho la mfalme, na swali likarudi wazi: nani anaona? Jibu la filamu liko mezani kwa Elmire. Amemwandalia mgeni chai. Orgon, anayechezwa na Werner Krauss, amejificha nyuma ya pazia. Emil Jannings, Tartuffe, ambaye tangu mwanzo anatembea amekibana kitabu kidogo cha sala karibu na pua kama mtu aliyepoteza miwani, anaanza kulegea. Lil Dagover, Elmire, anamsogelea. Kisha jicho la Tartuffe linaanguka kwenye buli la chai. Kwenye tumbo lake linalong'aa, imepindika na kuwa ndogo, imo sura ya Orgon akichungulia. Uso wa Tartuffe hausogei. Kitabu kinapanda tena puani. Ndani ya sekunde chache mtongozaji amekuwa mtakatifu, na Orgon anaondoka pale akiwa na hakika zaidi ya utakatifu huo.

Ni mojawapo ya picha zenye akili zaidi katika sinema ya enzi ya kimya, kwa sababu chombo kinachomfichulia Tartuffe mtego ndicho kinachotufichulia sisi Tartuffe. Sisi tumeona kila kitu, Orgon hakuona chochote, ingawa kimwili alikuwa karibu kuliko sisi. Kamera imetupa kile ambacho ofisa wa Molière alidai mfalme anacho. Inatuingiza chumbani, inamsogelea mtu mpaka tunahesabu meno yake, inatuonyesha mkono unaofanya jambo moja na mdomo unaosema jingine. Mara ya pili Elmire anafanikiwa: usiku, Tartuffe akiwa amelewa na kujitandaza kitandani kwake, Dorine anamleta bwana wake achungulie kupitia tundu la kufuli. Tundu la kufuli, na nje ya hadithi lenzi ya mjukuu, ni kitu kile kile. Filamu inapokwisha na taa kuwashwa, mzee amefunguliwa macho, mtumishi anafukuzwa, na maandishi ya mwisho yanamgeukia mtazamaji wa Berlin kumuuliza kama anamjua aliyeketi pembeni yake. Kikulacho ki nguoni mwako, Murnau angeambiwa huku kwetu.

Ila kuna jambo ambalo filamu inalipita haraka mno. Mjukuu ameingia nyumbani kwa uongo: sura ya bandia, kazi ya bandia, sifa za bandia kwa mwanamke anayemchukia. Elmire amemwita Tartuffe kwa mapenzi ya bandia. Wote wawili wamemshinda mwigizaji kwa kuigiza vizuri kuliko yeye. Tukiwatetea, na tutawatetea, tutasema nia yao ilikuwa njema. Lakini hoja ya nia njema ndiyo ile ile aliyoitumia Tartuffe. Katika tamthilia, Elmire anapomkumbusha kwamba mbingu inakataza zinaa, anamjibu kuwa kuna elimu ya kulegeza vifungo vya dhamiri na kuusahihisha uovu wa tendo kwa usafi wa nia. Blaise Pascal alikuwa ameishambulia elimu hiyo katika barua zake 18 za 1656 na 1657 dhidi ya baadhi ya wanazuoni wa Kijesuiti waliofundisha namna ya kuielekeza nia mpaka hata kuua katika pambano la heshima kuwe halali. Watazamaji wa Molière walitambua mara moja mshale unaelekea wapi. Walichopita bila kukiona, na Murnau baada yao, ni kwamba mwanamke aliyekuwa akisikiliza hoja hiyo alikuwa wakati huo huo akiiishi. Kinachomtenga Elmire na Tartuffe kiko ndani, mahali ambapo kamera haifiki. Sisi tunaamini nia yake ni safi kwa kuwa mwandishi ametuhakikishia hivyo.

Historia imeongeza mfano wake, mchungu. Jannings na Krauss, waliofanya kazi nzuri hivi ya kuonyesha jinsi sura inavyoficha mtu, wote wawili waliitumikia sinema ya Ujerumani ya Hitler. Jannings alicheza mhusika mkuu wa Ohm Krüger mwaka 1941, filamu ya propaganda dhidi ya Waingereza. Krauss alicheza wahusika kadhaa wa Kiyahudi katika Jud Süss ya 1940, filamu iliyotengenezwa makusudi kupandikiza chuki, ambayo askari wa SS walionyeshwa. Jicho lile lile lililosemekana linafichua wanafiki, la kusogelea uso na kukamata mkono unaojificha, lilitumika kuonyesha watu wasio na hatia kama wadanganyifu wenye vinyago. Mbinu haikubadilika hata kidogo. Mtazamaji aliyetoka Gloria-Palast akiwa amefundishwa kumshuku jirani yake alikuwa na miaka saba tu kabla ya serikali kumwelekeza ni jirani yupi.

Tusimbebeshe Murnau mzigo huo; alihamia Marekani mwaka 1926 na akafa huko kwa ajali ya gari mwaka 1931. Lakini hapa ndipo Péréfixe, askofu aliyetisha watu kwa kutengwa, anaporudi akiwa na haki zaidi kidogo kuliko alivyowahi kupewa. Aliogopa mchezo unaofundisha umma kuhukumu nyoyo kwa kutazama nyuso. Woga huo haukuwa wa kijinga.

Bahati mbaya Kanisa lake lenyewe halikuufuata. Tukumbuke kosa la mjukuu katika filamu: ni mwigizaji, na kwa hilo babu anamfuta katika wosia. Mayer hakulitunga hili bure. Katika dayosisi ya Paris ya siku za Molière, mwigizaji alihesabiwa miongoni mwa watenda dhambi wa hadharani. Alinyimwa sakramenti na mazishi ya Kikristo mpaka atie sahihi karatasi ya kuikana kazi yake. Haikuulizwa anaamini nini. Mtu angeweza kuwa anasali kila usiku. Jukwaa lilikuwa ushahidi tosha. Wale wale waliosema mtunzi hawezi kujua nani mcha Mungu wa kweli kwa kutazama magoti yake, walijua nani si mcha Mungu kwa kutazama ajira yake.

Tarehe 17 Februari 1673, katika onyesho la nne la Le Malade imaginaire, Molière aliyekuwa na umri wa miaka 51 alizidiwa jukwaani akiigiza mtu mwenye afya anayejiona mgonjwa. Alimaliza mchezo, akapelekwa nyumbani kwake rue de Richelieu, akaanza kutapika damu. Watawa wawili wa kike waliokuja Paris kuomba sadaka za Kwaresima, ambao alikuwa amewapa hifadhi, walikuwa kando ya kitanda. Alituma kuitiwa padri katika parokia ya Saint-Eustache, ile ile aliyobatizwa mwaka 1622. Mapadri wawili walikataa kuja. Wa tatu alikuja, akamkuta amekwisha kufa, bila sahihi kwenye karatasi.

Parokia ikakataa kumzika. Armande alimwandikia Askofu Mkuu mpya, Harlay de Champvallon, akieleza kwamba mumewe alikuwa amepokea komunyo Pasaka iliyotangulia na kwamba aliomba padri kabla ya kufa. Kisha akaenda kumwangukia mfalme. Ruhusa ilitolewa kwa masharti: mapadri wawili tu, usiku, bila ibada yoyote ya mazishi kanisani. Usiku wa tarehe 21 Februari alizikwa katika makaburi ya Saint-Joseph, watu wengi wakifuata jeneza kwa mienge. Mwaka 1792 wanamapinduzi walifukua mifupa waliyoamini ni yake wakaipeleka kuhifadhiwa kama mabaki ya shujaa wa taifa, na mwaka 1817 ikahamishiwa makaburi ya Père-Lachaise, karibu na kaburi la mwandishi La Fontaine, ambako watalii hupiga picha. Kama mifupa ile ni ya Molière kweli, hakuna aliyethibitisha.